SOMO LA MWEZI: KISANDUKU CHA SAUTI CHA ZAMANI NA KOMPYUTA MPYA



Chama kimoja cha msingi cha wakulima wa tumbaku wilayani Mpanda kimetunza kaseti za mikutano mikuu tangu wilaya ilipokuwa katika Mkoa wa Rukwa, kabla ya Katavi kuwa mkoa mwaka 2012. Nilipokwenda kukikagua, wanachama walikuwa wakibishana juu ya makato ya ujenzi wa ghala. Kitabu cha muhtasari cha mwaka husika kilikuwa kimeliwa na mchwa. Ushahidi uliobaki ulikuwa kaseti moja, nayo utepe wake umechakaa.

Chama kilikuwa na kisanduku cha kuingizia sauti, kilichonunuliwa enzi za Windows XP. Kisanduku hicho hupokea sauti kutoka redio-kaseti na kuipeleka katika kompyuta kwa waya wa USB. Kompyuta mpya ya Windows 11 ilikikataa. Karani alikuwa amepata mtandaoni draiva isiyojulikana asili yake, pamoja na maelekezo ya kuzima ulinzi wa kompyuta. Na kompyuta yenyewe ndiyo iliyohifadhi hesabu za wanachama. Nilimsihi asubiri.

Sababu ya kukataliwa

Draiva ni programu iliyo mfano wa mkalimani baina ya kifaa na kompyuta. Mkalimani akikosekana, kifaa kizima huonekana kibovu. Windows 11 ni mfumo wa biti 64, wala haupokei draiva zilizotungwa kwa mifumo ya biti 32, kama zilivyokuwa nyingi za enzi za XP. Microsoft yenyewe iliacha kuihudumia XP tarehe 8 Aprili 2014.

Hatua za kufuata

1. Unganisha kisanduku moja kwa moja na kompyuta, kisha jaribu waya mwingine na tundu jingine.

2. Kama kifaa kimetambuliwa lakini hakuna sauti, tazama mipangilio ya faragha. Windows yaweza kuzinyima programu ruhusa ya kipaza sauti, na kizuizi hicho huhusu kisanduku pia.

3. Chunguza kama kifaa hufuata kanuni ya pamoja ya sauti za USB. Kama hufuata, aghalabu hakihitaji draiva ya pekee.

4. Kama hakifuati, tafuta draiva kwa mtengenezaji mwenyewe, wala si kwa mtu usiyemjua.

5. Ikikosekana, tumia kompyuta nyingine isiyo na hesabu za chama, na uiwashe kwa mfumo wa Linux uliowekwa katika flashi. Mfumo huo una draiva za vifaa vingi vya zamani, na hupatikana bila malipo.

6. Ikishindikana, nunua kisanduku kipya kinachofuata kanuni ya pamoja. Gharama yake ni ndogo kuliko hasara ya kupoteza hesabu za wakulima.

Chama kile kilifaulu katika hatua ya tano. Tulirekodi kwa programu ya Audacity, ambayo nayo ni ya bure. Kaseti hunakiliwa kwa mwendo wake wa kawaida: yenye dakika 60 hutaka saa nzima, dakika 30 kila upande. Sauti ya mazungumzo ya njia moja, isiyobanwa, kwa kiwango cha kawaida cha CD, huchukua takriban megabaiti 320 kwa saa. Hifadhi nakala mbili mahali pawili tofauti.

Sauti ikasikika, japo kwa mikwaruzo: mkutano ulikubali makato kwa misimu miwili tu. Hata hivyo kaseti haikuwa hakimu. Bodi iliipeleka mbele ya mkutano mkuu, wanachama wakaisikiliza, wakaamua, na uamuzi ukaandikwa na kutiwa saini. Kinasa sauti husaidia muhtasari. Hakichukui nafasi yake.

Ndugu Mwenyekiti na Ndugu Meneja, msitupe kifaa kwa kuwa kimekataliwa mara moja, wala msifungue mlango wa hesabu ili kukiokoa.

Maswali ya kujadili

1. Chama chenu kina kaseti au kumbukumbu gani zinazoelekea kuharibika?
2. Nani ana mamlaka ya kuweka programu mpya katika kompyuta ya hesabu?
3. Nakala za kumbukumbu zenu zimehifadhiwa wapi?