Hundi Iliyokataliwa na Benki: Chama Chaweza Kusuluhisha Nini?

Tuchukue mfano. Mchuuzi achukua magunia ya dagaa ya chama cha wavuvi katika mwalo wa Kirumba, Mwanza, akamwachia Katibu hundi. Benki yairudisha, akaunti haina fedha. Chama chatoa taarifa polisi, mchuuzi akamatwa. Siku chache baadaye jamaa zake wafika ofisini na rai: atalipa deni lote, ilimradi kesi ifutwe. Wanachama, ambao hawajalipwa dagaa wao, humhimiza Katibu akubali upesi. Hapo ndipo Katibu huweza kutia saini ahadi asiyo na mamlaka ya kuitimiza.

Katika hundi hiyo moja mna mambo mawili. La kwanza ni deni, nalo ni mali ya chama. Bodi yaweza kulipokea kwa mkupuo au kwa awamu. La pili ni shtaka. Kwa Tanzania Bara, mashauri ya namna hii kwa kawaida hufunguliwa chini ya Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kwa kosa la kujipatia mali kwa njia ya udanganyifu. Mwenye shtaka ni Jamhuri. Chama ni mlalamikaji na shahidi tu. Kupokea fedha kwa sharti la kuficha kosa, au la shahidi kutofika mahakamani, kwaweza kumtia Katibu mwenyewe hatiani.

Wala isidhaniwe kwamba hundi kurudi peke yake kwatosha kumfunga mtu. Kenya inacho kifungu mahsusi cha hundi mbovu, lakini katika kosa lililotajwa hapo juu yapasa udanganyifu uthibitishwe. Katibu aliyepokea hundi ya tarehe ya mbele, huku akiambiwa waziwazi kwamba fedha zitaingia mwisho wa mwezi, atapata taabu kueleza alidanganywa nini. Hii ni sababu moja ya kutoidharau suluhu yenye malipo ya hakika.

Suluhu yenyewe si haramu. Ibara ya 107A ya Katiba inazitaka mahakama, katika mashauri ya madai na ya jinai, zikuze usuluhishi. Njia iliyo salama ni hii: Bodi ikutane, iamue, na uamuzi uandikwe katika muhtasari, Katibu asipatane na mtu peke yake, hata mdaiwa akiwa shemeji yake. Hati itaje deni, kiasi na tarehe za malipo, wala isiahidi kufutwa kwa kesi. Fedha ziingie katika akaunti ya chama na stakabadhi itolewe. Hundi ya asili isirudishwe kwa mdaiwa. Ikiwa polisi wameichukua kama kielelezo, chama kibaki na nakala pamoja na maandishi ya benki yanayoonyesha sababu ya kukataliwa. Na ikubalike kwamba hundi nyingine ya mtu yule yule si malipo.

Fedha zikiisha kupokewa, chama kiwaandikie polisi na mwendesha mashtaka kueleza kwamba kimelipwa. Uamuzi wa kuondoa shtaka ni wao. Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985, mwendesha mashtaka aweza kuliondoa kwa idhini ya mahakama. Likiondolewa kabla mshtakiwa hajatakiwa kujitetea, huachiwa tu, na aweza kushtakiwa upya. Likiondolewa baadaye, huachiwa huru kabisa. Kwa hiyo chama kilichokubali awamu sita na kupokea moja, kisiandike barua ya kulipwa.

Mdaiwa akivunja ahadi, ipo njia ya madai. Kwa hundi, Sheria ya Mwenendo wa Madai inaruhusu shauri la muhtasari, ambamo mdaiwa hana budi kuomba ruhusa ya mahakama kabla ya kujitetea. Muda wa kudai deni la mkataba ni miaka 6, nao huhesabiwa hata wakati chama kikiendelea kusubiri polisi.