Moto Ulioanzia Jaani: Somo Kutoka Mji wa Centralia

Je, wajua kwamba moto wa taka unaweza kuhamisha mji mzima? Hayo yaliupata mji wa Centralia, jimbo la Pennsylvania nchini Marekani. Ulikuwa mji wa wachimba makaa ya mawe wenye wakazi zaidi ya 1,000.

Moto ulianzaje?
Mei 1962, jaa lililokuwa ndani ya shimo la mgodi ulioachwa liliwaka. Inaaminika kuwa taka zilichomwa makusudi ili kusafisha jaa. Juu moto ulionekana kuzimika, kumbe ulikuwa umeingia kwenye tabaka la makaa. Mahandaki ya zamani yaliupa hewa. Kazi ya kuuchimbua ilianza mapema, lakini fedha ziliisha kabla ya moto kudhibitiwa.

Wakazi waliishije?
Moshi ulitoka ardhini na theluji haikukaa penye joto. Kaboni monoksaidi, gesi ya sumu isiyo na rangi wala harufu, iliingia nyumbani. Mwaka 1981, ardhi ilititia chini ya mvulana wa miaka 12. Alishika mzizi wa mti hadi binamu yake alipomvuta. Majirani waligawanyika: wengine walitaka kuhama, wengine wakakataa kuacha makwao.

Gharama yake
Kufikia 1984, Bunge la Marekani lilikuwa limetenga takriban dola milioni 42 za kuwahamisha wakazi. Sensa ya 2020 ilihesabu watu 5 pekee. Moto ungali unawaka.

Sisi tunajifunza nini?
Hapa Kenya, makaa ya mawe yapo Bonde la Mui, Kaunti ya Kitui. Hata pasipo makaa, taka zilizorundikwa kwenye timbo zinaweza kuungua chini kwa chini kwa siku nyingi. Katiba ya 2010, Jedwali la Nne, imezipa kaunti jukumu la majaa ya taka. Mwananchi naye ana wajibu wake:
• Usitupe wala kuchoma taka kwenye shimo lililoachwa.
• Ukiona moshi ukitoka ardhini, usisogee. Wazuie watoto, kisha umwarifu msimamizi wa wadi au chifu mara moja.
• Kabla mgodi haujafunguliwa, uliza barazani: shimo litafukiwa na nani, na kwa fedha zipi?

Usipoziba ufa utajenga ukuta. Centralia hata ukuta haukujengeka tena.