Printa ya Nyumbani: Hesabu ya Wino Kabla ya Kununua

Muhula unapoanza, kazi ya kuchapa huongezeka katika nyumba nyingi za Asumbi na vijiji jirani. Mwanafunzi wa chuo cha ualimu ana maandalio ya somo ya kuchapa kabla ya kwenda mazoezi ya kufundisha. Mzazi ameagizwa picha za mradi wa mtoto chini ya mtaala wa umilisi, ulioanza kutumika kote nchini mwaka 2019. Mwingine anatafuta kazi na kila tangazo linadai barua mpya. Baada ya safari kadhaa za saiba, wazo la kununua printa ya wino huonekana la busara, hasa inapokuwa dukani kwa bei iliyo chini ya simu ya mkononi.

Bei hiyo ya chini ina sababu yake. Kampuni za printa ndogo hupata faida yao kubwa katika wino, si katika mashine. Kwa hivyo swali la kwanza kwa mnunuzi ni gharama ya ukurasa mmoja, nayo hupatikana kwa kugawanya bei ya wino kwa idadi ya kurasa zilizoandikwa kwenye pakiti.

Chukua mfano wa katriji ndogo nyeusi ya kurasa 120 inayouzwa shilingi 1,800. Wino pekee ni shilingi 15 kwa ukurasa. Rimu ya karatasi 500 ikiwa shilingi 600, karatasi inaongeza shilingi 1.20, na jumla ni shilingi 16.20. Saiba ikitoza shilingi 10, printa hiyo haitarudisha pesa zake kamwe, hata kama mwenyewe angepewa bure.

Printa ya tangi ni tofauti. Aina hii, inayojazwa wino kutoka kwenye chupa, Epson iliianza nchini Indonesia mwaka 2010 baada ya wateja wa huko kuzoea kujiunganishia matangi na mipira ya nje ili kukwepa bei ya katriji. Chupa moja nyeusi inaweza kuchapa zaidi ya kurasa 4,000. Ikiwa chupa ya kurasa 4,500 ni shilingi 1,350, wino ni senti 30 tu kwa ukurasa, na pamoja na karatasi ni shilingi 1.50. Lakini mashine yenyewe ni ghali. Ikigharimu shilingi 22,000, mwenye nyumba anaokoa shilingi 8.50 kwa kila ukurasa ambao angeupeleka saiba, na anahitaji takriban kurasa 2,590 ili pesa zirudi. Anayechapa kurasa 100 kwa mwezi atafika huko kwa miaka miwili na ushei. Anayechapa 30 atangoja zaidi ya miaka saba, na huenda printa ikafa kabla.

Bei hizi ni za mfano. Kila mtu aweke za duka lake. Nauli nayo ihesabiwe. Mtu anayelipa bodaboda shilingi 100 kwenda na kurudi ili achape kurasa tano ametumia shilingi 30 kwa ukurasa. Akikusanya kurasa 30 kwa safari moja, inashuka hadi shilingi 13 na senti kidogo. Kwa familia nyingi, kupanga safari ndiko kunakookoa pesa, wala si kununua mashine.

Aliye na printa tayari ajue kwamba idadi iliyo kwenye pakiti hupimwa kwa kurasa zinazochapwa mfululizo. Nyumbani printa hukaa wiki mbili bila kazi, wino unakauka kwenye matundu madogo ya kichwa, na mashine inajisafisha kwa kufyonza wino ule ule ulionunuliwa. Wino huo huishia kwenye sifongo ndani ya printa. Kuchapa ukurasa mmoja wenye rangi zote kila wiki hugharimu kidogo kuliko kusafisha. Ikibidi kusafisha, isizidi mara mbili au tatu. Baadaye iachwe usiku mzima kabla ya kujaribu tena.

Stima nayo ina mchango wake. Printa ikizimwa kwa kitufe chake, kichwa hurudi mahali pake na kufunikwa. Ikizimwa kwa swichi ya ukutani, au stima ikipotea katikati ya kazi, kichwa hubaki wazi na kukauka. Stima ikirudi, iwashwe, iachwe itulie, kisha izimwe kwa kitufe. Vumbi la barabara pia huingia, kwa hivyo kitambaa cha kuifunika si pambo.

Katika mipangilio, kuchagua rasimu na rangi nyeusi pekee hupunguza wino kwa kazi za kawaida. Kurasa mbili kwenye upande mmoja wa karatasi hutosha kwa maelezo ya kusomea. Kabla ya kubonyeza, onyesho la kurasa litazamwe, maana hati kutoka intaneti mara nyingi huleta ukurasa wa mwisho wenye mstari mmoja tu. Na mwalimu mwenye darasa la watoto 40 asichape nakala 40 kwa wino: achape moja safi, zilizobaki zitolewe kwa fotokopi au risografu ya shule.

Kujaza katriji upya si bidhaa ghushi, ila wino usiofaa unaweza kuziba kichwa. Ghushi ni wino uliotiwa jina la kampuni isiyoutengeneza. Malalamiko hayo hupelekwa kwa Mamlaka ya Kupambana na Bidhaa Ghushi, iliyoundwa chini ya sheria ya mwaka 2008, na risiti ndiyo ushahidi wa mnunuzi.

Kabla ya kulipia mashine, mnunuzi aulize nambari ya wino wake, kisha apite maduka mawili au matatu ya Rongo au mjini Homa Bay kuona kama upo. Printa ambayo wino wake lazima utumwe kwa matatu kutoka Kisumu ina nauli ya kifurushi ndani ya kila chupa.