Mtegemezi ni Nani? Lugha ya Fidia za Ajali katika Pwani ya Malindi na Kilifi

Makala haya yanajadili neno moja: mtegemezi. Wanafunzi wa isimu hulikuta katika somo la uundaji wa maneno, wakaliacha papo hapo. Kwa jamaa waliofiwa katika barabara ya Mombasa kwenda Malindi, inayopita Mtwapa, Vipingo, Kilifi na Gede, neno hilo ndilo linaloamua nani atalipwa na nani ataondoka mahakamani mikono mitupu.

Tuanze na umbo lake. Kitenzi tegemea hutupa mtegemezi, kama vile lea kinavyotupa mlezi. Hata hivyo tegemeza, yaani kumshikilia mtu asianguke, nacho chaweza kuzaa umbo lilo hilo. Hivyo basi mjane akiulizwa, "Mtegemezi alikuwa nani?" huenda akamtaja marehemu mumewe, na kisarufi hajakosea. Sheria inamtaka awataje watoto. Tungependekeza mtegemewa kwa aliyefariki na mtegemezi kwa waliobaki. Afadhali zaidi mkalimani aulize, "Nani alikuwa akilishwa naye?" Swali hilo halimtegi mtu.

Sheria ya Mwenendo wa Madai, kifungu cha 86, inaruhusu Kiingereza au Kiswahili katika mahakama za chini. Sheria za fidia zenyewe, lakini, zimeandikwa kwa Kiingereza, na shahidi wa Malindi au Kilifi pengine anafikiri kwa Kigiriama. Maana husafiri vituo vitatu kabla ya kufika kwa hakimu.

Madai ya kifo huwa na mikono miwili. Wa kwanza hutokana na Sura ya 26 ya Sheria za Kenya: ni haki za marehemu mwenyewe, zinazoingia katika mirathi, na anayezidai sharti apate kwanza idhini ya mahakama ya kusimamia mali ya marehemu. Wa pili hutokana na Sura ya 32, nao ni wa walio hai waliopoteza tegemeo. Msimamizi wa mirathi asipofungua kesi ndani ya miezi 6, wategemezi wenyewe wanaweza kuifungua, ila isipite miaka 3 tangu kifo. Kwa Kiswahili yote mawili tunayaita fidia. Neno hili la asili ya Kiarabu lina maana ya ukombozi, na masikioni mwa wengi liko jirani sana na dia, malipo ya damu. Si ajabu mzee akakataa kutia sahihi kwa kuona anauza damu ya mwanawe. Angeelezwa kwamba kinachopimwa ni riziki iliyokatika, wala si thamani ya mtu, huenda angesikiliza.

Ugumu mkubwa uko katika majina ya ukoo. Sura ya 32 inawataja mke, mume, mzazi na mtoto. Mzazi ni pamoja na babu, nyanya na mzazi wa kambo; mtoto ni pamoja na mjukuu na mtoto wa kambo. Ndugu hayumo, wala mpwa, hata kama amelelewa na mjomba tangu anyonye. Nasi huku pwani humwita mtoto wa ndugu "mwanangu" bila mzaha, na baba mdogo ni baba. Kijana akiapa kwamba marehemu alikuwa baba yake, kisha cheti cha kuzaliwa kikaonyesha jina jingine, anaonekana mwongo ilhali amesema kweli ya nyumbani kwao. Hasara haimwangukii peke yake: ushahidi wa mjane nao huanza kutiliwa shaka.

Mwisho ni suala la mapato. Tuchukue mfano wa kubuni wa mvuvi wa Mayungu mwenye mke na watoto, aliyegongwa na matatu akielekea mnadani. Mjane anaulizwa, "Mshahara wake ulikuwa kiasi gani?" Anajibu, "Hakuwa na mshahara." Jibu ni sahihi, lakini sasa mahakama haina tarakimu ya kuanzia, na huenda ikashika kima cha chini cha mshahara au ikakadiria jumla moja tu. Angeulizwa, "Kwa siku alileta nyumbani shilingi ngapi?" pengine ingejulikana kwamba alipata 15,000 kwa mwezi. Hesabu ya kawaida ingekwenda hivi: 15,000 mara miezi 12, mara miaka ambayo angeendelea kufanya kazi, tuseme 20, kisha theluthi mbili ya jumla, kwa kuwa theluthi moja huhesabiwa ni matumizi yake mwenyewe. Hiyo ni shilingi 2,400,000, na iko chini ya kikomo cha 3,000,000 ambacho Sura ya 405 inamwekea mwenye bima kwa kila mdai. Zaidi ya hapo mdai humfuata mwenye gari.

Wahadhiri wa ukalimani wanaweza kuyajaribu maswali haya mawili darasani: mshahara, na kilicholetwa nyumbani.