Deni Litajirudufu Lini? Namna ya Kutafuta Kipeo Kisichojulikana

Mkulima wa mpunga wa Mabogini, katika skimu ya umwagiliaji ya Lower Moshi iliyojengwa kwa ushirikiano wa Tanzania na Japani katika miaka ya 1980, hulipia trekta, mbolea na vibarua mwanzoni mwa msimu. Fedha huingia baada ya mavuno, takriban miezi minne baadaye. Ndiyo maana wengi hukopa. Kabla ya kutia sahihi, mkopaji ajiulize: deni hili litajirudufu lini? Jibu hupatikana kwa mlinganyo ambao kisichojulikana ni kipeo.

Kanuni

Kipeo huonyesha namba imeandikwa mara ngapi katika kuzidisha: 2³ = 2 × 2 × 2 = 8. Kipeo kisipojulikana, andika pande zote mbili kwa kutumia namba ileile. Hapo vipeo navyo vitakuwa sawa. Kwa mfano, 2ⁿ = 8 ni sawa na 2ⁿ = 2³; basi n = 3.

Mfano

Mkopo ni shilingi 200,000, riba ni asilimia 20 kwa mwezi, na riba isiyolipwa huongezwa kwenye deni. Kila mwezi deni huzidishwa kwa 1.2:

- Mwezi wa 1: 240,000
- Mwezi wa 2: 288,000
- Mwezi wa 3: 345,600
- Mwezi wa 4: 414,720

Tuseme orodha hii hatuna. Deni litafika 345,600 baada ya miezi mingapi?

Hatua ya 1: 200,000 × 1.2ⁿ = 345,600
Hatua ya 2: Gawanya kwa 200,000: 1.2ⁿ = 1.728
Hatua ya 3: 1.2 × 1.2 × 1.2 = 1.728, yaani 1.2³
Jibu: n = 3

Kuhusu kujirudufu, mlinganyo ni 1.2ⁿ = 2. Hapa hakuna namba nzima inayotimiza, hivyo tunajaribu: 1.2³ = 1.728, pungufu ya 2, 1.2⁴ = 2.0736, zaidi ya 2. Kipeo kipo kati ya 3 na 4. Deni litakuwa limejirudufu kabla mpunga haujavunwa.

Linganisha

Chini ya Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018, Benki Kuu ya Tanzania imeweka kikomo cha riba cha asilimia 3.5 kwa mwezi kwa wakopeshaji wa daraja la pili, yaani wasiopokea amana. Kwa kiwango hicho, hata riba ikiongezwa kwenye deni, shilingi 200,000 zitakuwa takriban 229,505 baada ya miezi minne, na zitajirudufu katika mwezi wa 21. Mikopo ambayo wananchi huiita "kausha damu" huvuka kikomo hicho kwa mbali.

Zoezi

1. Deni la 100,000 huzidishwa kwa 1.1 kila mwezi. Litafika 121,000 baada ya miezi mingapi?
2. Deni la 50,000 hujirudufu kila baada ya miezi minne. Litafika 400,000 lini?

Majibu: (1) 1.1ⁿ = 1.21, miezi 2. (2) 2ⁿ = 8, n = 3; miezi 12.

Kabla ya kutia sahihi

- Uliza riba ni ya mwezi, ya wiki au ya siku.
- Uliza iwapo riba isiyolipwa huongezwa kwenye deni.
- Omba kuona leseni ya mkopeshaji.
- Dai nakala ya mkataba, na ukokotoe deni hadi mwezi wa mavuno.