Bei ya Kesho na Maneno ya Sokoni

Mas'ala tunayoyasoma leo ni haya: je, mtu aweza kuijua bei ya kesho kwa kuyasikiliza maneno ya watu wa sokoni? Wako vijana wa mijini mwetu wanaonunua sarafu za kidijitali, kama Bitcoin, kwa njia hiyo. Kompyuta hukusanya yaandikwayo na watu kwenye intaneti, ikahesabu maneno ya matumaini na maneno ya khofu. Yakizidi ya matumaini mtu hununua, na baada ya saa chache huuza. Kabla ya kutia rasilimali humo, natuipime njia hii kwa biashara tuijuayo, nayo ni ya mazao ya Kitui na Makueni.

Watu wa Ukambani hupanda mbaazi na pojo, ambazo wao huziita ndengu, kwa mvua za Oktoba hata Disemba. Miezi yote mpaka mavuno soko husema, Mwingi, Wote na Emali: bei itapanda, bei itaanguka. Maneno hayo si upuuzi. Mvua ikikatika, khofu ya mkulima ni khabari, kwani yeye ameliona shamba. Basi neno la soko lina faida litokapo kwa aliyeona.

Ama sababu iliyo kubwa huenda isiwe sokoni kabisa. Agosti 2017 serikali ya Bara Hindi iliweka mpaka wa tani 200,000 kwa mwaka kwa mbaazi zitokazo nje. Na mbaazi za Afrika ya Mashariki hulitegemea mno soko hilo. Dalali wa Emali angeijuaje amri ya Delhi kabla haijatoka? Na Bitcoin ni vivyo hivyo: Disemba 2017 ilikaribia dola 20,000, na maneno ya matumaini yalikuwa yamejaa kila mahali, Disemba 2018 ilikuwa imeshuka chini ya dola 4,000.

Jua, ewe msomaji, ya kuwa njia hii ina ila tatu. Ya kwanza, maneno hufuata bei kama bei ifuatavyo maneno: watu husifu kwa kuwa kitu kimekwisha panda. Ya pili, ishara ionwayo na wote haimfai mmoja. Ukifika, wenzio wamekwisha nunua. Ya tatu, maneno hutungwa. Mtume (s.a.w.) alikataza najshi, nayo ni mtu kuzidisha bei ya kitu asichotaka kukinunua ili mwengine ahadaike. Tena alikataza kuupokea msafara wa bidhaa njiani, kabla wenye mali hawajafika sokoni wakaijua bei. Basi dalali amwendeaye mkulima shambani, akamwambia bei imeanguka na hali ajua si kweli, na aitazame nafsi yake. Na asifuye sarafu ili apate wa kumuuzia, naye ni vivyo hivyo.

Hatusemi kukisia ni haramu; hapana mfanyi biashara asiyekisia. Tusemalo ni kuwa dhana isiitwe ilimu. Atakaye kumjua mkweli na amfanyie mtihani huu: makisio yote yaandikwe daftarini kwa tarehe, kabla ya siku yake, yahesabiwe yaliyosibu na yaliyokosa, wala yasifichwe yaliyokosa, yalinganishwe na ya mtu asemaye tu kwamba bei ya kesho itakuwa kama ya leo, kisha itolewe gharama ya kila kununua na kuuza. Akiwa hamshindi huyo, hana ajualo.

Na hata akimshinda, mali ya yatima, mahari ya binti na ada ya skuli si mali za kujaribia dhana. Khasara ya mali hizo haimwangukii mkisiaji, yawaangukia wasioulizwa.

Na Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye zaidi.