"Njoo Jioni Gesti": Hiyo Siyo Ajira

Umemaliza kidato cha nne. Unazunguka Kahama, Katoro, Geita: migodini, kwenye makarasha, kwa mama lishe. Kila mahali ni "njoo kesho". Nauli imekwisha. Ndipo bosi anakunong'oneza: "Kazi ipo, ila njoo jioni gesti."

Hiyo ni rushwa ya ngono, kosa kwa Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007. Mwenye aibu ni yeye, siyo wewe.

Ufanye nini?
1. Kataa, ondoka.
2. Mwambie mtu unayemwamini.
3. Pigia TAKUKURU 113, ni bure.
4. Umeshalazimishwa? Wahi hospitali kabla ya saa 72 kupita, upate dawa za kuzuia VVU.

Kumbuka: kukosa kazi siyo kukosa utu.

Jadilini: rafiki yako akikuambia yamemkuta, utamjibu nini?